Palawan: mkoa uliokataa kugawanywa



Juma lililopita nilipata barua kutoka kwa baharia mstaafu wa Tanga. Anasema alifanya kazi melini miaka mingi pamoja na Wafilipino, na mmoja wao, ambaye bado wanaandikiana, alimweleza kwamba watu wa kwao walipewa nafasi ya kuwa na mikoa mitatu badala ya mmoja, wakaikataa kwa kura. Baharia wetu hasadiki. “Bwana mtangazaji,” anauliza, “wapo kweli watu wanaoletewa mkoa wakaukataa?”

Wapo. Mkoa wenyewe ni Palawan, na kura ilipigwa Jumamosi, tarehe 13 Machi 2021. Nakiri kwamba nami nilianza na mshangao kama wake, maana masikio yetu yamezoea habari za watu wanaoomba wilaya mpya, si wanaoikataa. Lakini nilipouchunguza mkoa huo nimeona kwamba kukataa kwao hakukuwa ukaidi. Walipiga hesabu.

Tuanze na mahali penyewe. Palawan ni kisiwa kirefu na chembamba kama mkuki, urefu wake wapata kilomita 425, pamoja na visiwa vingi vidogo vilivyotapakaa pande zote. Kwa ukubwa wa ardhi hakuna mkoa unaoupita katika Ufilipino nzima. Hesabu ya watu ya mwaka 2020 ilipata wakazi 939,594. Idadi hiyo haina watu wa jiji la Puerto Princesa, ambako ndiko makao makuu ya mkoa. Tafadhali likumbuke jambo hilo, nitalirudia.

Mkoa una manispaa 23. Neno manispaa lisitupotoshe. Sisi tukilisikia tunafikiria mji wenye lami na taa za barabarani. Kule manispaa ni eneo zima: mji mdogo katikati, wenye soko, kanisa na ofisi ya meya, halafu mashamba, misitu, vijiji vya wavuvi, pengine visiwa kadhaa. Chini ya manispaa ipo barangay, ambayo ni kama kijiji au mtaa, yenye mwenyekiti na wajumbe wake. Juu ya manispaa yupo gavana wa mkoa na baraza lake. Gavana hateuliwi na Rais. Yeye na mameya huchaguliwa na wananchi kwa miaka mitatu, na hawaruhusiwi kupita vipindi vitatu mfululizo.

Kupata manispaa si jambo dogo kwa watu. Chukueni Culion, kisiwa cha kaskazini mwa mkoa huo. Mwaka 1906 Wamarekani, waliokuwa wakiitawala Ufilipino, walianza kupeleka huko watu wenye ukoma kutoka nchi nzima, wakatengwa na jamaa zao. Walitengenezewa hata sarafu zao wenyewe, ili pesa walizozishika zisivuke bahari kurudi kwa watu wengine. Kwa miongo mingi kisiwa kiliendeshwa na idara ya afya. Hakikuwa na meya wala diwani. Ni mwaka 1992 tu Culion ilipofanywa manispaa kwa sheria, na baadaye wakazi wake, wengi wao wajukuu wa wagonjwa, wakachagua meya kama Wafilipino wengine. Kwa watu wa Culion mpaka mpya ulikuwa na maana ya kuhesabiwa kuwa raia. Kwa hiyo simlaumu mtu anayeomba mpaka. Nataka tu kujua anauombea nini.

Hapo ndipo tunapofika kwenye fedha. Sheria ya Serikali za Mitaa, iliyotiwa sahihi na Rais Corazon Aquino mwaka 1991, iliamuru kwamba asilimia 40 ya mapato ya kodi za ndani ya nchi irudi kwa serikali za mitaa. Fungu hilo hukatwa hivi: mikoa asilimia 23, majiji 23, manispaa 34, barangay 20. Kisha fungu la mikoa hugawanywa kati ya mikoa yenyewe: nusu kwa kufuata idadi ya watu, robo kwa kufuata ukubwa wa ardhi, na robo iliyobaki kwa usawa, kila mkoa sawa na mwenzake.

Itazameni vizuri robo hiyo ya mwisho. Mkoa mmoja hupata fungu moja. Ukikatwa vipande vitatu, watu ni wale wale na ardhi ni ile ile, lakini mafungu ya usawa yanakuwa matatu. Nani anayelipa? Mikoa mingine, kwa kuwa chungu ni kile kile na sahani zimeongezeka. Kwa sheria ya namna hiyo, kiongozi yeyote mwenye akili atatamani kugawa.

Aprili 2019 Rais Rodrigo Duterte alitia sahihi sheria ya kuigawa Palawan. Kaskazini ingekuwa Palawan del Norte, makao makuu yake Taytay. Kati pamoja na visiwa vya mashariki, Palawan Oriental, makao makuu Roxas. Kusini, Palawan del Sur, makao makuu Brooke's Point. Gavana wa wakati huo, Jose Alvarez, aliunga mkono kwa nguvu. Hoja kubwa ilikuwa huduma: mkoa ni mrefu mno, serikali iko mbali na watu. Hoja hiyo ina ukweli. Mtu wa Balabac, ncha ya kusini, yuko karibu zaidi na Malaysia kuliko ofisi ya gavana wake.

Wapinzani walijibu kwamba mikoa mitatu ni magavana watatu, makamu watatu na mabaraza matatu, na kwamba kule ambako siasa hurithiwa katika familia, viti vipya vina wenyewe kabla havijachongwa. Waliuliza pia mali itagawanywaje. El Nido na Coron, zenye watalii, zingekwenda kaskazini. Bataraza, yenye nikeli, ingekwenda kusini.

Ipo pia habari ya gesi. Tangu mwaka 2001 gesi asilia inachimbwa baharini kwenye eneo la Malampaya, wapata kilomita 80 kutoka pwani ya Palawan. Sheria ile ile ya 1991 inazipa serikali za mitaa asilimia 40 ya mapato ya serikali yatokanayo na mali asili iliyomo ndani ya mipaka yao. Mkoa ukadai. Desemba 2018 Mahakama Kuu ya juu kabisa ya nchi ikaamua kwamba gesi hiyo haimo ndani ya mipaka ya Palawan. Na hali manispaa mojawapo ya Palawan, iitwayo Kalayaan, iko kwenye kisiwa cha Pag-asa, zaidi ya kilomita 400 kutoka Puerto Princesa, katika bahari inayogombaniwa na China, Taiwan na Vietnam! Majaji walikuwa na sababu zao za kisheria. Mvuvi anayeutazama upeo wa bahari ni shida kuzielewa.

Basi, Katiba ya Ufilipino ya mwaka 1987 inasema mkoa haugawanywi mpaka wananchi wanaohusika wapige kura. Bunge lilikwisha kupitisha, Rais alikwisha kutia sahihi, na bado yote yalisubiri mkulima wa Narra na mvuvi wa Cuyo. Kura ilicheleweshwa na ugonjwa wa korona. Ilipopigwa, 122,223 walisema ndiyo na 172,304 wakasema hapana. Sheria ikafa palepale.

Si kila mahali husema hapana. Mwaka uliofuata, Septemba 2022, watu wa Maguindanao, kusini mwa nchi, waliulizwa swali kama hilo, wakakubali, na mkoa wao ukawa miwili.

Sasa narudi Puerto Princesa. Tangu mwaka 2007 jiji hilo linajitegemea, halimo chini ya mkoa. Wakazi wake hawamchagui gavana wa Palawan, na katika kura ya 2021 hawakupiga. Ofisi ya gavana lakini imebaki palepale jijini. Mwananchi wa Cuyo mwenye shida mkoani hupanda meli usiku, akateremka katika jiji ambalo si la mkoa wake, akaulizia njia ya kwenda kwa gavana aliyemchagua yeye, kwa watu wasiomchagua.