Nafasi Tupu Katikati ya Mji: Ramani, Nyumba na Maneno ya Lubumbashi

1. Utangulizi

Mji husomwa kwa njia mbili. Njia ya kwanza ni ramani: barabara, viwanja, majumba na mipaka. Njia ya pili ni maneno ambayo wakaaji wameyapa mambo hayo. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba, kwa upande wa Lubumbashi, njia hizo mbili hazisemi jambo moja. Ramani ilichorwa ili kutenganisha watu. Maneno ya Kiswahili cha mjini, kwa upande wao, huhifadhi habari za namna watu hao walivyoishi karibu karibu hata hivyo, na kwa gharama ya nani.

2. Mji uliopimwa kwa rula

Élisabethville, kama mji ulivyoitwa hadi mwaka 1966, ulianzishwa na Wabelgiji mwaka 1910. Sababu yake ilikuwa shaba. Union Minière du Haut-Katanga, kampuni iliyoundwa mwaka 1906, ilijenga kiwanda cha kuyeyusha mawe ya madini karibu na mto Lubumbashi. Reli iliyotoka Rhodesia ilifika mwaka huohuo wa 1910, na shaba ya kwanza ikamiminwa mwaka 1911. Mji huu, kwa hiyo, haukuota polepole kutoka katika kijiji au soko. Uliamuliwa kwanza, ukachorwa, kisha ndipo ukakaliwa.

Mchoro wenyewe ni wa barabara zilizonyoka, zinazokatana kwa pembe mraba, sawa na ile ya miji ya Rhodesia iliyokuwa mwisho mwingine wa reli. Mchoro wa namna hii una faida zilizo wazi: viwanja hupimika na kuuzwa upesi, na mtu asimamaye kwenye njia panda huona njia zote nne hadi mbali. Faida hiyo ya pili humfaa mpita njia. Humfaa zaidi mlinzi.

Hata hivyo, vitu vilivyojenga mji havikutoka ng'ambo vyote. Tambarare ya Katanga imejaa vichuguu vikubwa vya mchwa, na udongo wake mfinyanzi umetumika kwa miaka mingi kufyatulia matofali ya kuchoma. Hivyo kuta nyingi za mji huu, ziwe za nyumba za wakubwa au za mitaa ya wafanyakazi, zimetoka katika udongo uleule.

3. Nafasi tupu

Jambo kuu katika ramani ya Élisabethville halikuwa jengo, bali mahali pasipokuwa na jengo. Mwanzoni mtaa wa Waafrika uliwekwa kando tu ya mji wa Wazungu. Mji huo ulipopanuka, ilionekana kwamba mtaa umekaribia mno. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 wakaaji wake walihamishwa upande wa kusini, kwenye mtaa mpya uliopewa jina la mfalme Albert, ambao leo ni Kamalondo. Kati ya pande hizo mbili liliachwa eneo tupu lenye upana wa mamia ya mita, lililoitwa kwa Kifaransa *zone neutre*, yaani eneo lisilo la upande wowote.

Hoja iliyotolewa ilikuwa ya afya. Madaktari wa wakati ule walisema kwamba mbu aenezaye malaria haruki mbali. Basi, wakiachiwa nafasi ya kutosha, Wazungu wangekingwa na ugonjwa ambao Waafrika walidhaniwa kuubeba. Hoja hii ilikuwa na sura ya sayansi, lakini ilivunjwa kila usiku na wale wale walioitumia. Nyuma ya nyumba za mji wa Wazungu, mwisho wa ua, vilijengwa vyumba vidogo vya watumishi, na humo wapishi na maboi walilala. Mbu aliyezuiwa kuvuka mamia ya mita hakuwa na haja ya kuvuka chochote: hatua chache za ua zilimtosha. Kilichokuwa kikipimwa, basi, si umbali wa mbu. Mtumishi alikubaliwa kulala mjini kwa sababu ya kazi yake, jirani hakukubaliwa.

Mitaa mingine ilifuata katika upande uleule wa utengano: Kenya, halafu Katuba na Ruashi zilizopanuka katika miaka ya 1950 wakati mji ulipokuwa ukipokea watu wengi. Leo sehemu kubwa ya nafasi ile tupu imejengwa, na sheria ya ubaguzi imekwisha zamani. Lakini lugha haijasahau. Barabara moja ingali inaitwa Limite Sud, yaani mpaka wa kusini. Na mwenyeji wa Katuba anayekwenda katikati husema kwamba anakwenda *mu ville*, kana kwamba yeye yuko nje ya mji, ingawa komini yake ni mojawapo ya zile saba zinazounda Lubumbashi. Kihusishi hicho kidogo, *mu*, ndicho ramani ya zamani iliyobaki vinywani mwa watu.

4. Boyeri, baraza, lupango

Maneno matatu ya nyumba yanastahili kuangaliwa kwa makini.

La kwanza ni *boyeri*, yaani vile vyumba vya nyuma vilivyotajwa hapo juu. Neno limetoka katika Kifaransa cha kikoloni, nacho kilikuwa kimekopa jina la boi kutoka Kiingereza. Kwamba jengo liliitwa kwa jina la kazi ya mkaaji wake laonyesha kwamba, machoni pa mwenye ramani, hapakuwa na mkaaji bali kazi tu. Lakini waliolala humo walikuwa na macho. Mwaka 1965 André Yav aliandika, kwa Kiswahili cha mjini na kwa niaba ya chama cha watumishi wa zamani, historia ya Élisabethville tangu mwanzo wake. Maandishi hayo, yaitwayo *Vocabulaire de ville de Elisabethville*, yalichapishwa na mtaalamu Johannes Fabian mwaka 1990. Thamani yake ni kwamba mji unatazamwa kutoka mwisho wa ua, mahali ambapo ramani haikutarajia kupatikana mwandishi.

La pili ni *baraza*. Kwenye pwani ya Afrika Mashariki, baraza ni benchi la mawe mbele ya nyumba, mahali pa kupokelea wageni na kuzungumza bila kuingia ndani. Wabelgiji wa Kongo walilichukua neno hili, wakalitamka *barza*, wakaliita kwalo ukumbi wenye kivuli uliozunguka nyumba zao. Umbo lilibadilika, na pia kazi: mahali pa kukutanisha mwenye nyumba na wapita njia pakawa mahali pa kupumzikia, mbali kidogo na barabara. Hapa Kiswahili ndicho kilichokopesha, na aliyekopa alichukua kivuli, akaacha mazungumzo.

La tatu ni *lupango*, kiwanja kilichozungushiwa ua pamoja na vyote vilivyomo. Mpimaji aliuona kuwa kipande cha ardhi chenye namba na nyumba moja. Kwa wakaaji wa Kamalondo au Kenya, lupango ni zaidi ya hapo: ni nyumba ya mwenye kiwanja, vyumba vya wapangaji, bomba la maji, jiko la nje, mwembe, na watu wanaojuana kwa sababu wanapita mlango mmoja. Ramani ilitoa mstatili. Watu wakafanya ujirani.

Linaweza kuongezwa neno la nne. Katika miaka ya 1950 mbunifu Claude Strebelle alijenga jumba la maonyesho la mji, ambalo leo hujulikana kama Jengo la 30 Juni. Kikundi chake cha kazi kiliitwa Yenga. Ndiyo *jenga* ya Kiswahili sanifu, katika matamshi ya Katanga, ambamo *maji* pia husemwa *mayi*. Usanifu wa kisasa wa miaka ile ulitafuta jina, ukalipata kwa mafundi.

5. Mumbunda na mampala

Alama ya mji si kanisa wala jumba la serikali. Ni bomba refu la kiwanda, lenye kimo cha takriban mita 150, pamoja na mlima mweusi wa taka za madini yaliyoyeyushwa. Wakaaji huliita bomba *mumbunda*, na mlima *mampala*. Wachoraji wa mjini wamevichora pamoja mara nyingi, na kila mtazamaji hutambua mara moja kwamba ni Lubumbashi.

Hakuna aliyekusudia vitu hivi viwe ukumbusho. Mampala ni mabaki ya kazi ya vizazi vitatu. Baada ya uzalishaji wa Gécamines kuporomoka katika miaka ya 1990, ilionekana kwamba taka zenyewe bado zina kobalti, na tangu mwanzo wa miaka ya 2000 mlima umekuwa ukichimbwa na kuyeyushwa upya. Kwa mwenye hesabu, hiyo ni akiba inayotumiwa. Kwa mwenyeji, ni kumbukumbu inayopungua.

6. Hitimisho

Imeonekana kwamba kila kipande cha ramani ya Lubumbashi kina neno lake, na kwamba neno mara nyingi husahihisha ramani. Nafasi tupu inajibiwa na *mu ville*, kiwanja kinajibiwa na *lupango*, na hoja ya mbu inajibiwa na *boyeri*.

Majengo yanabomolewa, viwanja vinagawanywa na kuuzwa vipande vipande, mlima unapungua. Mara nyingi michoro ya wahandisi hubaki katika makabati ya kumbukumbu. Maneno hayana kabati. Yanakaa kwa wazee waliolala katika vyumba vile, na wazee hao wanapungua upesi kuliko mampala. Kazi ya kuyakusanya, mtaa kwa mtaa na pamoja na maelezo ya wenyewe, haihitaji vyombo vya gharama. Inamhitaji mwanafunzi mwenye daftari, atakayeketi ndani ya lupango na kusikiliza.