Filamu ya Soka Huanzia Nje ya Uwanja

Oktoba 2021, Biashara United Mara iliilaza Al Ahli Tripoli ya Libya mabao 2–0 katika Kombe la Shirikisho Afrika. Mchezo huo ulihesabiwa kuwa wa nyumbani, ingawa ulichezwa Uwanja wa Benjamin Mkapa, Dar es Salaam, zaidi ya kilometa elfu moja kutoka Musoma, nyumbani kwa klabu hiyo. Marudiano hayakuchezwa. Safari ya Libya ilikwama, Biashara haikufika, na Al Ahli Tripoli ikasonga mbele bila kutoka jasho. Msimu huo ulipokwisha, timu iliyokuwa imemaliza ya nne katika Ligi Kuu ya 2020/21 ikashuka daraja.

Mtu wa televisheni akipewa mkasa huu, atakimbilia mkanda wa yale mabao mawili. Mtengenezaji wa filamu za historia ataanza na maswali: gharama za safari zilikuwa mikononi mwa nani? Wachezaji walipokuwa wakisubiri ndege, mashabiki waliobaki Musoma waliambiwa nini? Na klabu iliyowahi kuitwa Polisi Mara ilipoingia mashindano ya Afrika kwa jina la Biashara, ni nani alikuwa amechukua nafasi ya nani katika kuibeba timu? Mabao yanamalizika kwa sekunde. Maswali haya ndiyo yanayomfikisha mtazamaji kwa wavuvi wa sangara, wafanyabiashara, watumishi wa serikali na vijana wa mkoa mzima wa Mara.

Filamu za historia ya soka tunaweza kuzigawa katika namna tatu, na kila namna ina madai yake juu ya ukweli.

Ya kwanza ni hadithi ya kubuni iliyowekwa ndani ya wakati wa kweli. Mfano maarufu ni Escape to Victory ya mwaka 1981, iliyoongozwa na John Huston. Humo Pelé na Bobby Moore wanacheza pamoja na Michael Caine na Sylvester Stallone katika timu ya mateka wa vita inayopambana na Wajerumani. Vita ilikuwepo, lakini mchezo ule ni wa kutungwa, ukichota kwa mbali habari za mechi zilizochezwa Kyiv mwaka 1942 chini ya utawala wa Wajerumani. Anayeitazama kama ushahidi atapotea. Anayeitazama ili ajue watu wa miaka ya 1980 walipenda kuamini nini kuhusu soka na ujasiri atapata kitu.

Ya pili ni igizo la tukio lililotokea. Das Wunder von Bern ya Sönke Wortmann, iliyotoka mwaka 2003, inahusu fainali ya Kombe la Dunia ya 1954, Ujerumani Magharibi ilipoifunga Hungaria 3–2. Lakini filamu inakaa zaidi katika nyumba moja mjini Essen, ambako baba amerudi kutoka kifungo cha vita huko Urusi na kumkuta mwanawe akimhusudu mchezaji Helmut Rahn kuliko anavyomjua yeye. Fainali inakuja mwishoni, na mtazamaji anajali bao la Rahn kwa sababu ameshajua linaangukia katika nyumba gani. Kuna jambo jingine la kuangalia hapo. Picha kamili za mchezo ule hazikubaki. Kilichobaki vichwani mwa Wajerumani wengi ni sauti ya Herbert Zimmermann, mtangazaji wa redio.

Ya tatu ni dokumentari, na hii ndiyo inayodai ukweli kwa nguvu zaidi, kwa hiyo ndiyo ya kuchunguzwa zaidi. Wengi hudhani uzito wake uko katika picha za zamani. Mfano wa Kongo unaonyesha kwamba picha peke yake inaweza kudanganya kwa miaka mingi.

Juni 1974, Kongo, wakati ule ikiitwa Zaire, ilicheza na Brazil katika Kombe la Dunia huko Ujerumani Magharibi. Brazil walipata faulo karibu na lango. Kabla hawajapiga, beki Mwepu Ilunga akachomoka kwenye ukuta na kuubutua mpira mbali. Kipande hicho kilizungushwa duniani kama kichekesho, kwamba Waafrika wale hata sheria hawazijui. Miaka ilipopita, Ilunga alieleza kwamba sheria alizijua vizuri. Wachezaji walikuwa hawajalipwa fedha zao, na baada ya kufungwa 9–0 na Yugoslavia walitishwa na watu wa Rais Mobutu wasithubutu kufungwa mabao manne na Brazil. Mchezo uliisha 3–0. Picha ni ileile, lakini ukishaisikia sauti ya mwenyewe, kicheko kinageuka kuwa habari ya dola na woga. Dokumentari ya Entre la coupe et l'élection ya Monique Mbeka Phoba na Guy Kabeya Muya, iliyotoka mwaka 2008, iliwatafuta wachezaji wa kizazi hicho wakati nchi ilipokuwa inapita katika uchaguzi wa 2006, na kuonyesha taifa lilivyowatendea mashujaa wake baada ya shangwe kuisha.

Kwa hiyo katika filamu ya historia ya soka, picha inatuonyesha mpira ulikokwenda. Kwa nini ulikwenda huko, hilo tunaambiwa na sauti za watu na karatasi walizoziacha. Kanuni hii ina uzito wa pekee kwetu.

Tanzania Bara ilianza kuwa na televisheni mwaka 1994. Zanzibar ilikuwa nayo tangu miaka ya 1970, lakini huku Bara serikali ya Mwalimu Nyerere iliiona kuwa ni anasa kwa nchi maskini. Maana yake ni kwamba miaka mikubwa ya soka letu iliingia masikioni. Yanga ilipoifunga Simba 2–1 Nyamagana, Mwanza, mwaka 1974. Simba ilipofungwa 4–0 na Mufulira Wanderers Dar es Salaam mwaka 1979, kisha ikaenda Lusaka na kushinda 5–0. Taifa Stars ilipokwenda Lagos kwa Kombe la Mataifa ya Afrika mwaka 1980: mtu wa Bunda au Butiama aliyaona hayo yote kwa sauti ya Radio Tanzania Dar es Salaam. Watangazaji wa redio hiyo walikuwa ndio kamera.

Mtengenezaji wa filamu hapaswi kulia kwamba mikanda hakuna. Sinema yetu yenyewe imezoea sauti kuongoza picha. Katika vibanda umiza, mahali ambapo watu hutazama Ligi Kuu ya Uingereza kwa kiingilio kidogo, kuna mtindo wa filamu za kigeni zilizowekewa sauti ya msimulizi wa Kiswahili, anayefafanua, kutania na kuongeza chumvi. Mtazamaji wa Musoma anajua kuifuata sauti hata pale picha inaposema jambo jingine. Dokumentari ya soka inayojengwa juu ya utangazaji wa redio na masimulizi ya wazee haitamwia ngeni hata kidogo.

Pasipo picha, karatasi nazo zina nguvu. More Than Just a Game, filamu ya mwaka 2007, inahusu Chama cha Soka cha Makana kilichoundwa na wafungwa wa kisiasa katika Kisiwa cha Robben, Afrika Kusini. Gerezani hapakuwa na mpiga picha wa michezo. Kilichoiwezesha habari hiyo kufufuka ni maboksi ya kumbukumbu za wafungwa wenyewe: barua, rufaa za mechi, ratiba, majina ya waamuzi. Walikuwa wanaendesha ligi kwa kufuata kanuni za FIFA huku wakiwa wamenyimwa haki nyingine nyingi. Daftari la chama, likisomwa vizuri, linaonyesha watu waliokuwa wanajizoeza kujitawala. Katibu wa klabu yoyote ya Musoma au Bunda mwenye mafaili ya miaka ya nyuma anapaswa kuwaza mara mbili kabla hajayapeleka kufungia maandazi.

Ushahidi wa namna nyingine ni mahali penyewe. Chukua Uwanja wa Uhuru, Dar es Salaam, wakati ule ukiitwa Uwanja wa Taifa. Hapo ndipo bendera ya Mwingereza ilipoteremshwa Desemba 1961. Hapo ndipo Simba ilipolipoteza Kombe la CAF mbele ya Stella Abidjan mwaka 1993. Hapo ndipo wananchi walipopita kumuaga Mwalimu Oktoba 1999, kabla hajapelekwa kuzikwa Butiama. Mhariri wa filamu akiyapanga matukio hayo matatu kwenye nyasi zilezile, hahitaji msimulizi wa kueleza kwamba uwanja wa mpira ni ukumbi wa taifa. Uwanja wa Karume wa Musoma nao unasubiri kuulizwa maswali ya namna hiyo: nani amehutubia hapo, nani amecheza hapo, na jina la Karume lilifikaje ufukweni mwa Ziwa Victoria.

Mwenye kamera leo aelekee Bunda pia. Bunda Queens imecheza Ligi Kuu ya Wanawake, na somo lake liko Zanzibar. Mwaka 2007 Florence Ayisi alitoa Zanzibar Soccer Queens, akiwafuata wachezaji wa timu ya Women Fighters wanaocheza katika jamii ambayo baadhi ya watu wake waliona soka halimfai binti. Wakati ule ilikuwa habari ya siku hizo. Sasa ni hati ya historia, na baadaye Megan Shutzer alitengeneza New Generation Queens kuhusu wanawake wa soka wa Zanzibar, kwa hiyo mtazamaji anaweza kulinganisha. Msichana wa Bunda anayerekodiwa leo akieleza nani nyumbani alimruhusu na nani alimkataza atakuwa shahidi wa thamani kubwa baada ya miaka ishirini.

Kuanza hakuhitaji bajeti ya studio. Simu nzuri, chumba kisicho na kelele, na nidhamu ya mambo machache: mzee ataje jina, mwaka na mahali, aulizwe lipi aliliona kwa macho na lipi alilisikia redioni, mazungumzo yahifadhiwe yote bila kukatwa, na sehemu yoyote itakayoigizwa itangazwe kuwa ni maigizo. Wazee wawili wakibishana kuhusu mechi moja, asichaguliwe mmoja na mwingine kutupwa. Matokeo yataamuliwa na gazeti la siku ile. Sababu ya kubishana hadi leo, hiyo ndiyo filamu.