Ajira kwa Familia ya Mtumishi Aliyefariki: Nani Anastahili Nchini India

Mtumishi wa Serikali Kuu ya India anapofariki akiwa bado katika utumishi, mmoja wa wategemezi wake anaweza kuajiriwa serikalini bila kupitia usaili wa ushindani. Utaratibu huo, unaofahamika kama ajira kwa misingi ya huruma, husimamiwa na Idara ya Utumishi na Mafunzo, ambayo ilitoa waraka wa kuunganisha masharti yake mwezi Oktoba 1998. Majimbo yana kanuni zake yenyewe.

Baadhi ya familia huichukulia nafasi ya marehemu kuwa sehemu ya mirathi. Sivyo ilivyo. Mwaka 1994, katika shauri lililohusu Jimbo la Haryana, Mahakama ya Juu ya India ilieleza kuwa lengo la ajira hiyo ni kuiwezesha familia kuvuka dhiki ya ghafla iliyosababishwa na kifo, na kwamba kifo peke yake hakiipi familia haki ya kudai kazi.

Wanaoweza kuomba ni mjane au mgane, mtoto wa kiume au wa kike, akiwemo wa kuasili, na kaka au dada iwapo marehemu hakuwa na ndoa. Mwombaji lazima awe alimtegemea marehemu kikamilifu wakati wa kifo. Mwana aliyeoa, ambaye mwaka 2013 ilielezwa kuwa hahesabiwi kuwa mtegemezi, aliruhusiwa kufikiriwa kuanzia mwaka 2015. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu iliamua pia kuwa mtoto wa mke wa pili asinyimwe fursa hiyo kwa sababu tu ya ndoa ya wazazi wake.

Undugu, hata hivyo, hautoshi. Kamati ya maofisa watatu hupima hali ya familia: pensheni na mafao yaliyolipwa, mali iliyopo, idadi ya wategemezi na umri wa watoto. Ikiwa tayari yupo mwanafamilia mwenye kipato, ombi huhitaji idhini ya Katibu wa wizara au idara husika, ambaye lazima ajiridhishe kuwa mtu huyo hawahudumii wenzake.

Kikwazo kikubwa zaidi ni uchache wa nafasi. Ajira hizi hutolewa katika kada za chini, zinazoitwa Kundi C, na haziruhusiwi kuzidi asilimia 5 ya nafasi zinazojazwa kwa ajira mpya. Hivyo familia inaweza kutimiza masharti yote na bado ikakosa, kwa kuwa ipo nyingine yenye uhitaji mkubwa zaidi.

Muda nao una uzito wake. Ukomo wa miaka mitatu wa kushughulikia maombi uliondolewa mwaka 2012, lakini ombi linalochelewa hutazamwa kwa tahadhari, kwa hoja kwamba familia iliyoweza kuishi miaka yote hiyo ilikuwa na njia ya kujikimu. Hoja hiyo ni ngumu kwa mjane aliyeishi kwa mikopo ya jamaa, na ndiyo sababu ya kuwasilisha maombi mapema. Waraka unamtaka ofisa ustawi wa wizara aifikie familia mara baada ya msiba na kuisaidia kuomba.

Umri wa juu unaweza kulegezwa, lakini hakuna anayeajiriwa kabla ya kutimiza miaka 18. Mjane asiye na elimu inayotakiwa anaweza kupewa kazi ya uhudumu wa ofisi ikiwa anaimudu.

Anayeajiriwa hutia saini ahadi ya kuwatunza wategemezi wengine wa marehemu. Akiwatelekeza, ajira yake inaweza kusitishwa. Vilevile, akishaipokea nafasi aliyopewa, hawezi kurudi kuomba cheo cha juu zaidi kwa misingi ileile ya huruma. Hupanda kwa utaratibu uleule unaowahusu watumishi wenzake.