Minnesota: viti vinane, na mstari unaoamua

Binamu yangu yuko Minneapolis mwaka wa kumi sasa. Kila Marekani wakipiga kura hunipigia simu kunisimulia, nami hubaki na swali moja: vipi jimbo lenye maseneta wawili wa Democratic liwe na wabunge waliogawana nusu kwa nusu? Juzi nilikaa na ramani, nikapata jibu.

Minnesota ina viti 8 katika Bunge la Wawakilishi. Kila eneobunge lina watu karibu 713,000, kwani sheria yao inataka wawe sawa. Kwa hivyo penye msongamano wa watu eneo huwa dogo, na penye watu wachache hutanuka. La 5 ni Minneapolis na vitongoji vyake tu. La 4 ni St. Paul. Lakini la 7, la wakulima wa magharibi, na la 8, lenye misitu, migodi ya chuma na bandari ya Duluth, kwa pamoja yanachukua zaidi ya nusu ya ardhi ya jimbo.

Katika uchaguzi wa 2024, Democratic walishinda la 2, 3, 4 na 5, yaliyozunguka miji hiyo miwili. Republican walipata la 1, 6, 7 na 8. Haikuwa hivyo daima. La 8 lilikuwa la Jim Oberstar wa Democratic kutoka 1975 hadi 2011, naye Collin Peterson alikaa na la 7 miaka 30 mpaka aliposhindwa 2020. Nalo la 3, la vitongoji vya magharibi mwa Minneapolis, liliwahama Republican 2018 baada ya zaidi ya nusu karne.

La 5 ndilo lililomchagua Keith Ellison 2006, Mwislamu wa kwanza kuingia Kongresi, na 2018 likamchagua Ilhan Omar, aliyeishi miaka minne utotoni katika kambi ya wakimbizi hapa Kenya. Wasomali wengi wanakaa humo. Mstari ungepita katikati ya mitaa yao, sauti yao ingegawanyika.

Nani huchora? Ni kazi ya bunge la jimbo, lakini wasipoelewana huenda mahakamani. Ramani ya 2022 ilichorwa na majaji watano. Na hesabu ni hesabu: baada ya sensa ya 2020, New York ilipoteza kiti kwa upungufu wa watu 89 tu. Minnesota ikabaki na vyake 8.

Sasa turudi nyumbani. Sensa ya 2019 ilihesabu watu wasiofika 25,000 Lamu Mashariki, ilhali wastani wa eneobunge Kenya ni kama 164,000. Kwa kipimo cha Minnesota, Faza na Kiunga hawangekuwa na mbunge wao. Katiba yetu inaruhusu tofauti, lakini ina kiwango: asilimia 40 kwa miji na sehemu zenye watu wachache, 30 kwingineko.

Mipaka itapitiwa tena. IEBC ikiita mkutano wa maoni, ndugu zangu, tusiwaachie wengine viti. Na karani wa sensa akibisha hodi, tumfungulie.