Kisogo Kinachosikiliza Muziki

Februari 1969, katika studio ya American Sound mjini Memphis, Elvis Presley alikuwa akirekodi wimbo wa mvua. Kwenye piano aliketi kijana wa miaka 26 aitwaye Ronnie Milsap, na Elvis akamtaka aongeze ngurumo. Milsap akapeleka mkono wa kushoto kwenye sauti nzito kabisa, akazitwanga, na ngurumo hizo zinasikika mpaka leo ndani ya "Kentucky Rain". Mbele yake hapakuwa na karatasi ya noti, wala isingemfaa. Alizaliwa akiwa haoni karibu chochote, na mwanga kidogo aliokuwa nao ulimtoka akiwa na miaka 14.

Huyo mpiga piano wa kukodiwa hakukaa sana nyuma ya wengine. Kati ya 1974 na 1989 nyimbo zake 35 zilishika nafasi ya kwanza kwenye chati ya muziki wa kantri ya jarida la Billboard. Alitwaa tuzo 6 za Grammy, na mwaka 1977 Chama cha Muziki wa Kantri cha Marekani kilimtangaza kuwa mtumbuizaji bora wa mwaka. Mashabiki wa kantri wa Kenya, ambao ni wengi kuliko mgeni anavyodhani, humtaja kwanza Jim Reeves, Don Williams au Kenny Rogers. Kwa maoni yangu Milsap anastahili kukaa benchi moja nao, na kwa piano anawazidi wote watatu.

Habari ya msanii kama huyu ikitajwa barazani, hakosi mtu wa kusema kwamba Mungu akichukua macho huongeza masikio. Wanasayansi wa ubongo wamelichunguza jambo hilo kwa zaidi ya miaka 30 sasa. Wamekuta ukweli ndani yake, ila hauko pale tunapoutafuta: sikio la asiyeona ni sikio lilelile la kila mtu, na kilichobadilika kiko kisogoni.

Tuanze na macho yenyewe. Sehemu ya mbele ya jicho ina majimaji yanayotengenezwa usiku na mchana. Kazi yake ni kulisha konea na lenzi, ambazo hazina mishipa ya damu, kisha yanatoka kupitia chujio dogo lililo pembeni, pale konea inapokutana na ile duara yenye rangi. Yanayoingia yakilingana na yanayotoka, shinikizo ndani ya jicho hukaa kati ya milimita 10 na 21 za zebaki. Kuna watoto ambao chujio hilo halikukamilika walipokuwa tumboni mwa mama. Majimaji yanaendelea kutengenezwa, pa kutokea hapatoshi, shinikizo linapanda na kuibana neva inayopeleka habari za jicho kwenye ubongo. Hiyo ndiyo glakoma ya kuzaliwa nayo, iliyompata Milsap, ndugu wa ule ugonjwa ambao wazee wetu hospitalini huambiwa ni presha ya macho.

Kwa mtoto mchanga kuna la ziada. Ukuta wa jicho lake bado ni laini, kwa hiyo shinikizo linalivuta na kulikuza. Majirani humsifu mtoto kwa macho makubwa mazuri, kumbe jicho linaharibika mbele yao. Baadaye konea huingia ukungu, machozi hutiririka bila kilio, na mtoto hugeuza uso akitolewa juani. Ulaya na Marekani hali hii humpata takriban mtoto 1 kati ya 10,000. Huwa nyingi zaidi katika jamii ambazo ndugu wa damu huoana, kwa sababu mara nyingi mtoto anahitaji kurithi nakala mbili zenye kasoro za jeni moja, moja ya baba na moja ya mama. Jeni inayohusika zaidi wataalamu wanaijua kwa jina la CYP1B1.

Mwanzoni mwa miaka ya 1940 daktari wa macho wa San Francisco, Otto Barkan, alionyesha kuwa watoto hawa wanaweza kuokolewa. Alipitisha kisu chembamba mno ndani ya jicho, akakata tishu iliyoziba chujio, na majimaji yakapata njia. Upasuaji huo unafanywa mpaka leo. Milsap alizaliwa Januari 16, 1943, wakati mbinu hiyo ikiwa bado changa, na alizaliwa upande wa pili wa bara: Robbinsville, mji mdogo katika milima ya Smoky, jimbo la North Carolina. Kwa simulizi yake mwenyewe, mama yake aliamini upofu wa mwanawe ni adhabu ya Mungu, akamwachia babu na bibi wamlee katika umaskini. Hapa kwetu wapo waliosikia maneno kama hayo kutoka kwa wazazi wao.

Kabla hajafikisha miaka saba alipelekwa Raleigh, kwenye shule ya wasioona ya jimbo. Maisha ya bweni yalikuwa na ukali wake. Ni huko ambako mlezi mmoja alimpiga kofi lililommalizia uoni uliosalia katika jicho la kushoto. Lakini shule hiyohiyo ilikuwa na piano, ilikuwa na fidla, na ilikuwa na walimu waliofundisha muziki wa kina Bach na Mozart bila huruma. Milsap alianza fidla akiwa na miaka saba, kisha piano, kisha gitaa.

Mwanafunzi asiyeona husoma muziki kwa nukta nundu. Louis Braille, ambaye naye alikuwa mpiga kinanda wa kanisa, aliuweka muziki ndani ya mfumo wake tangu kitabu chake cha kwanza cha mwaka 1829. Ila kuna kikwazo ambacho mwenye macho hakifikirii: vidole vinavyosoma ndivyo vinavyotakiwa kupiga. Huwezi kusoma ukurasa huku mikono yote miwili iko kwenye piano. Unasoma kipande cha mkono wa kulia, unakihifadhi, unasoma cha kushoto, unakihifadhi, kisha unaviunganisha kichwani. Mtoto aliyepitia mazoezi hayo kwa miaka kumi na zaidi hutoka na kumbukumbu ya muziki ambayo wengi wetu hatujawahi kudaiwa tuwe nayo.

Usiku bwenini kulikuwa na redio. Hapa inafaa kutazama juu angani kidogo. Mchana, mionzi ya jua hutengeneza tabaka la chini la hewa yenye chaji, na tabaka hilo humeza mawimbi ya kati ya redio. Jua likizama tabaka hilo hutoweka, mawimbi hupanda hadi tabaka la juu zaidi, hugonga na kurudi ardhini mamia ya kilomita kutoka yalikoanzia. Wenzangu waliokulia Tanzania Bara enzi za Redio Tanzania Dar es Salaam (RTD) wanakumbuka jinsi masafa ya kati yalivyokuwa yakileta vituo vya nchi za mbali baada ya magharibi. Ndivyo WSM ya Nashville, kituo cha kilowati 50 kilichorusha kipindi cha Grand Ole Opry, ilivyoweza kusikika usiku kutoka zaidi ya kilomita 700. Milsap alisikiliza kantri, akasikiliza nyimbo za injili, akasikiliza ridhimu na bluzi za Wamarekani weusi. Masikio yake hayakujua mipaka ambayo maduka ya santuri na sheria za ubaguzi za majimbo ya kusini zilikuwa zimeichora.

Sasa tuingie kichwani. Sehemu ya ubongo inayoshughulikia kuona iko kisogoni, na si ndogo. Kwa mtu aliyezaliwa bila kuona, zamani ilidhaniwa kwamba eneo hilo limelala tu. Mwaka 1996 Norihiro Sadato na wenzake walipima mtiririko wa damu katika ubongo wa watu waliopoteza macho utotoni wakati wakisoma nukta nundu, wakakuta kisogo kinafanya kazi kwa nguvu. Mwaka uliofuata watafiti walikisumbua kisogo hicho kwa mapigo ya sumaku kutoka nje ya fuvu, na wasomaji wakaanza kukosea herufi. Maana yake eneo lile lilikuwa na kazi halisi, halikuwa likiwaka kwa bahati. Ubongo wa mtoto ni kama mwenye nyumba wa Kariakoo: chumba kikikosa mpangaji aliyetarajiwa, hakikai wazi, kinapewa mwingine. Mguso huingia, lugha huingia, na sauti nayo huingia.

Mwaka 2004 Frédéric Gougoux na wenzake wa Montreal waliwapa watu sauti mbili mbili na kuwauliza kama ya pili imepanda au imeshuka. Waliopoteza macho wakiwa wadogo waliwashinda wenye macho, hata sauti zilipopita kwa kasi kubwa. Waliopoteza macho ukubwani hawakuonyesha ubora huo. Mwaka huohuo utafiti mwingine, wa wanamuziki 21 waliopoteza macho mapema, ulikuta 12 kati yao wanaweza kuitaja noti yoyote wanayoisikia bila kupewa noti ya kulinganishia. Katika watu wa kawaida uwezo huo hukadiriwa kuwa wa mtu 1 kati ya 10,000.

Hapo ndipo msemo wa barazani unapokwama. Wale 21 walikuwa wanamuziki waliosomeshwa, hawakuokotwa njiani. Asiyeona ambaye hakuwahi kufikiwa na ala hatoki na piano kichwani. Tena kuna mambo ambayo kukosa macho huyapunguza: baadhi ya majaribio yanaonyesha waliozaliwa bila kuona hupata shida zaidi kukadiria kama sauti inatoka juu au chini, hasa penye kelele, kwa kuwa macho ndiyo huwafundisha masikio ya mtoto ramani ya mahali. Kwa hiyo fidia ipo, ila haigawiwi bure wala haijazi kila pengo.

Na mlango wa muziki ulikuwa wazi kwa wasioona kwa sababu milango mingine ilifungwa. Doc Watson, bingwa wa gitaa wa milima hiyohiyo ya North Carolina, alipoteza macho akiwa bado mchanga, miaka 20 kabla ya Milsap, na alisoma shule hiyohiyo ya Raleigh. Baba yake hakutaka akae tu, akamshikisha upande mmoja wa msumeno wa watu wawili wakakata miti pamoja. Baadaye Watson alijitandikia mwenyewe nyaya za umeme nyumbani. Alikuwa na akili na mikono ya fundi, lakini dunia ilikubali kumlipa kwa gitaa. Sisi tunaye mzee Morris Nyunyusa, asiyeona, aliyepiga ngoma nyingi kwa wakati mmoja. Ngoma zake ndizo zilizotangulia taarifa ya habari ya RTD kwa miongo mingi, na mamilioni waliozisikia kila siku hawakujua hata jina lake.

Milsap mwenyewe alikuwa karibu kuwa mwanasheria. Alikuwa na nafasi ya kuendelea na masomo alipokutana na Ray Charles huko Atlanta, na Ray, aliyekuwa asiyeona mwenzake, akamhimiza afuate muziki. Mwaka 1965 wimbo wake ulipanda kwenye chati ya ridhimu na bluzi. Mwishoni mwa 1972 alihamia Nashville kwa ushauri wa Charley Pride, mwimbaji mweusi aliyekuwa nyota mkubwa wa kantri, na mwaka uliofuata akasaini na kampuni ya RCA. Msikilize akiimba: mkono wa kushoto una kanisa, wa kulia una bluzi, na sauti inasimulia kantri ya milimani. Ni redio ya bwenini iliyokua ikawa mtu. Mwaka 2014 aliingizwa katika Jumba la Heshima la Muziki wa Kantri, na Oktoba 2023, akiwa na miaka 80, akafanya onyesho lake la kuwaaga watu wa Nashville.

Ile tabia ya kisogo ya kutokaa bure ina upande wake mkali. Miaka ya kwanza ya maisha ndiyo ubongo unapojifunza kuona. Jicho likicheleweshwa kutibiwa, hata likifunguka baadaye, linakuta nafasi yake imeshakaliwa na kazi nyingine. Watoto wa India waliozaliwa na mtoto wa jicho na kupasuliwa wakiwa wakubwa wamethibitisha kwamba kiasi cha uoni hurudi, lakini si chote. Kwenye glakoma hali ni ngumu zaidi, kwani neva iliyokufa hairudi kabisa.

Basi mzazi unayesoma hapa, ukiona jicho la mwanao linazidi kuwa kubwa, lina ukungu, linatoa machozi ovyo au linakimbia mwanga, usingoje akue na usimtafutie mchawi. Mpeleke wiki hiyohiyo kwenye hospitali yenye daktari wa macho wa watoto: CCBRT au Muhimbili kwa walio Dar es Salaam, KCMC kwa walio Kaskazini, Kikuyu kwa walio Kenya. Na kama uoni umeshapotea, mwandikishe shule mapema, na uulize kama shule hiyo ina kinanda.