Mabomba ya Laini Saba na miji ya sinema

Katika sehemu kadhaa za Kibera, mtaa wa mabanda jijini Nairobi, bomba la maji halilazwi ardhini. Linapita juu ya vichwa vya watu, limeshikiliwa na nguzo, likivuka paa za mabati na vichochoro mpaka lifike kwenye kioski. Shirika la SHOFCO, lililoanzishwa na Kennedy Odede mwaka wa 2004 alipokuwa kijana wa papo hapo Kibera, ndilo lililoyainua mabomba hayo. Sababu yake kila mkazi anaijua: bomba la plastiki lililolazwa mtaroni hupasuka, majitaka yakaingia, au hukatwa usiku na watu wanaotaka maji yaadimike ili bei ipande. Likiwa juu, si rahisi kulifikia. Kule chini mama anatua mtungi wake wa lita 20, anagusisha kifaa kidogo kilichotiwa pesa kwa simu, maji yanatoka. Salio likiisha, yanakatika.

Mtu aliyelelewa na sinema akiyaona hayo mara ya kwanza atahisi ameshayaona mahali. Ni kweli, ameyaona. Tangu Fritz Lang alipotoa Metropolis mwaka wa 1927, akiwaweka wafanyakazi chini ya ardhi na matajiri kwenye bustani za ghorofani, sinema imekuwa ikiuchora mji wa kesho kwa vifaa vilevile: msongamano, nyaya na mabomba angani, mashine inayoamua nani apite na nani abaki. Blade Runner ya Ridley Scott, iliyotoka 1982, ilikisia Los Angeles ya Novemba 2019 yenye giza na mvua isiyokatika. Novemba hiyo ilipofika, mvua ilikuwa Kenya. Vuli ya mwaka ule ilikuwa nzito kupita kawaida, na katika mabonde ya Kibera maji yalishuka na taka zake hadi Mto Ngong.

Filamu za aina hii si ngeni Kibera wala Kawangware, mtaa mwingine wa Nairobi, na wengi walikutana nazo kwa Kiswahili. Kabla ya simu za bei nafuu kulikuwa na kibanda cha video: benchi za mbao, pazia zito mlangoni, runinga moja, na ubao wa nje ulioandikwa kwa chaki majina ya filamu za siku hiyo. Sauti iliyotawala humo ilikuwa ya DJ Afro, aliyesimulia filamu za Marekani, India na China kwa Kiswahili cha mtaani, akiwabatiza wahusika majina mapya, akimkemea adui na kumtia moyo staa. The Terminator ya 1984 ilitisha kwa vita vya mwaka wa 2029 kati ya watu na mashine. Kibandani, hofu hiyo ilipokelewa na mtu ambaye asubuhi yake alikuwa kwenye foleni ya maji.

Mbele ya mtazamaji wa aina hiyo ndipo filamu nyingi za kigeni huanza kupwaya. Katika Elysium ya Neill Blomkamp, iliyotoka 2013, mwaka ni 2154, matajiri wamehamia kituo cha angani na maskini wameachiwa Los Angeles iliyooza. Ili aipate Los Angeles hiyo, mwongozaji alikwenda kupiga picha jijini Mexico, kwenye jaa la taka na mitaa ya maskini. Mabati ya watu wa leo yakageuzwa adhabu ya wanadamu wa kesho. Mtazamaji haonyeshwi ni nani aliyeyapigilia, anamlipa nani kodi, wala kwa nini yapo pale. Yapo tu, yakitisha.

Laini Saba, kimojawapo cha vijiji vya Kibera, ina majibu ya maswali hayo. Kibera ilianza mwanzoni mwa karne iliyopita, wakati serikali ya kikoloni ilipowaweka hapo askari wa Kinubi waliotoka Sudan na kutumikia jeshi la King's African Rifles. Waliruhusiwa kukaa bila kupewa hati, na hapo ndipo tatizo lote la ardhi lilipozaliwa. Wenyewe waliita mahali hapo Kibra, yaani msitu. Miaka zaidi ya mia moja baadaye, mkazi wa kawaida ni mpangaji, analipa kodi kila mwezi kwa chumba kilichojengwa juu ya ardhi ambayo sehemu kubwa yake ni ya serikali. Na kwa upande wa pili wa uzio kuna Royal Nairobi Golf Club, iliyoanzishwa 1906, nyasi zake zikimwagiliwa. Elysium ilihitaji kituo cha angani kueleza jambo ambalo hapa linaelezwa na seng'enge.

Blomkamp huyohuyo alifanya vizuri zaidi katika District 9, mwaka wa 2009. Alipiga picha Chiawelo, Soweto, kwenye vibanda ambavyo wenyewe walikuwa wakihamishwa kwelikweli, na jina la filamu lilikumbusha District Six ya Cape Town, mtaa uliotangazwa kuwa wa wazungu mwaka wa 1966 na watu zaidi ya 60,000 wakafurushwa. Viumbe wa sayari nyingine walikuwa kisingizio tu. Filamu ilijua inachosema: ilikuwa inamzungumzia mtu anayegonga mlango akiwa na karatasi ya kumhamisha mwenye nyumba.

Karatasi hiyo Kibera inaijua. Alfajiri ya Jumatatu tarehe 23 Julai 2018, matingatinga yaliingia katikati ya mtaa kufungua barabara ya kuunganisha Ngong Road na Lang'ata Road. Nyumba, shule na makanisa yalikwenda na udongo, na watu wanaokadiriwa kufikia 30,000 wakapoteza makao. Watoto waliotoka nyumbani na sare wakijua wanakwenda darasani walikuta uwanja mtupu. Barabara hiyo leo ni nzuri, inapitika, na inawafaa wengi wasioishi Kibera. Mazungumzo ya fidia na ya mpango wa kuwahamisha wakazi yalikuwa yakiendelea matingatinga yalipowashwa, na hilo ndilo linalouma mpaka sasa: uamuzi ulikwishafanywa, watu waliitwa kuhesabiwa tu.

Ni vigumu kutoikumbuka asubuhi ile unapotazama The Kitchen, filamu iliyoongozwa na Daniel Kaluuya, mwigizaji aliyezaliwa London na wazazi Waganda, akishirikiana na Kibwe Tavares. Ilifunga tamasha la filamu la London mwezi Oktoba 2023, kisha ikaingia Netflix Januari 2024. Ni London ya mwaka wa 2044. Mtaa mmoja wa nyumba za umma ndio uliosalia, umeshauzwa, wakazi wamegoma kutoka. Ndege zisizo na rubani zinazunguka madirishani. Polisi wanavamia, na wakazi wanaamshana kwa kugonga vyombo. Maji yanakatwa. Tekinolojia yote ya filamu hiyo ni kitu ambacho tayari kipo au kinakaribia, na nguvu yake iko hapo. Kaluuya na Tavares walielewa kwamba anayetaka kuwaondoa watu hahitaji roboti yenye bunduki. Akifunga mfereji inatosha.

Walielewa pia jambo la pili, ambalo filamu za Hollywood hulisahau: mtaa wenyewe una ufundi wake. Katika The Kitchen kuna mzee wa redio, anayeigizwa na Ian Wright, mwanasoka wa zamani wa Arsenal. Sauti yake ndiyo inayoushikilia mtaa. Anacheza muziki, anatangaza habari za mtaa, anaonya hatari inapokaribia. Kibera ina Pamoja FM, iliyoanza 2007. Miezi michache baadaye nchi ilipowaka baada ya uchaguzi wa Desemba, na reli inayopita Kibera ikang'olewa na vijana wenye hasira, kituo hicho kidogo kilikuwa hewani kikiwasihi watu watulie.

Kuna ramani pia. Kwa miaka mingi mtu aliyetafuta Kibera kwenye ramani alikuta nafasi tupu, au alama ya msitu. Idadi ya watu nayo ilikuwa ya kubuni: mashirika na magazeti yaliandika milioni moja, wengine zaidi, hadi sensa ya 2009 ilipohesabu 170,070. Mwishoni mwa mwaka huohuo vijana 13 kutoka vijiji vya Kibera walipewa vifaa vya kunasa mawimbi ya setilaiti wakatembea kwa miguu, Laini Saba, Lindi, Silanga, Gatwekera na kwingineko, wakiweka alama kila palipo na choo, kioski cha maji, zahanati, msikiti, kona yenye giza. Mradi uliitwa Map Kibera na uliongozwa na Erica Hagen na Mikel Maron. Katika sinema, jicho la setilaiti daima ni la adui. Hapa lilishikwa na kijana wa mtaa akaandika: choo kipo hapa.

Mwaka huohuo, 2009, msanii Mfaransa JR alifunika paa za Kibera kwa picha kubwa za nyuso za wanawake wa mtaa, zilizochapishwa kwenye turubai lisilopitisha maji. Mita za mraba 2,000 za nyuso. Macho yalibandikwa pia kwenye mabehewa, na treni ilipopita, kwa sekunde chache yalikutana na nusu ya chini ya uso iliyokuwa kwenye mteremko. Picha hizo zilizunguka dunia nzima. Akina mama waliobaki chini yake walifaidi zaidi wakati wa mvua, maana paa hazikuvuja.

Macho yalirudi tena mwaka wa 2023, kwa shughuli nyingine. Mwishoni mwa Julai maelfu ya Wakenya walipanga foleni Nairobi, hasa katika jumba la mikutano la KICC, ili watazamwe mboni na mpira wa chuma unaong'aa. Mradi ule uliitwa Worldcoin, na lengo lake lililotangazwa lilikuwa kuthibitisha kuwa mtu ni mtu, wala si programu ya kompyuta. Malipo yalikuwa sarafu za kidijitali zenye thamani ya takriban shilingi 7,000. Serikali iliusimamisha tarehe 2 Agosti, na Mei 2025 Mahakama Kuu ikaamuru data zilizokusanywa zifutwe. Aliyetazama Blade Runner atakumbuka kuwa filamu ile inaanza na kipimo hichohicho: mashine inatazama jicho, na jicho linatakiwa kuthibitisha ubinadamu. Waandishi wa filamu hawakukisia kwamba watu wangekuja wenyewe kwa miguu, mapema asubuhi, kwa sababu pesa ile ingelipa kodi ya chumba na kubakiza ya unga.

Kazi ya kuzifundisha mashine nayo imefika hapa. Mwaka wa 2018 BBC ilionyesha vijana wa Nairobi, baadhi yao wakaao Kibera, wakichora kwa kompyuta mistari kuzunguka kila mtu, gari na mti kwenye picha za barabarani, ili magari yasiyo na dereva yajifunze kutofautisha. Mwajiri aliitwa Samasource, baadaye Sama. Januari 2023 jarida la Time likafichua kwamba wafanyakazi wa kampuni hiyohiyo walikuwa wamelipwa kati ya dola 1.32 na dola 2 kwa saa kusoma maandishi ya ukatili na udhalilishaji wa watoto, ili akili unde ya kampuni ya OpenAI ifunzwe kuyakataa. Metropolis iliwaweka wafanyakazi chini ya mji, karibu na mitambo. Wa Nairobi waliwekwa ofisini, wakarudi nyumbani jioni kwa matatu, na waliyoyasoma hawakuweza kumsimulia mtu.

Afrika Mashariki imeyapeleka haya kwenye sinema yenyewe. Neptune Frost ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, iliyopigwa Rwanda na kuonyeshwa Cannes 2021, inawapa mchimba koltani na wadukuzi wa Burundi kijiji kilichojengwa kwa mabaki ya kompyuta. Kichwateli ya Muchiri Njenga inamtembeza mtoto katika mtaa wa mabanda akiwa na runinga mahali pa kichwa. Lakini iliyotangulia na kugusa kiini ni Pumzi ya Wanuri Kahiu, ya mwaka wa 2009, dakika ishirini na kidogo tu, iliyofika tamasha la Sundance Januari 2010.

Pumzi inasimulia maisha ya miaka 35 baada ya vita vya tatu vya dunia, vita vya maji. Watu wamejifungia ndani ya jamii iitwayo Maitu. Umeme wanauzalisha wenyewe kwa kukimbia juu ya mashine. Jasho na mkojo husafishwa, kila mmoja akarudishiwa kipimo chake kwenye chupa. Ndoto ni kosa na zina tembe yake. Asha, mtunza jumba la makumbusho, anapokea udongo bila kujua aliyeutuma, na udongo huo una unyevu. Anaomba ruhusa ya kutoka nje akaangalie. Ananyimwa, na nafasi yake anapokonywa. Anayemsaidia kutoroka ni mwanamke msafishaji wa choo, ambaye yeye Asha humgawia maji.

Kipande hicho cha choo kinastahili kutazamwa mara mbili. Hakuna maneno. Ni matone machache tu yanayotoka chupa moja kuingia nyingine, kwa siri. Mtu yeyote aliyewahi kubisha kwa jirani Laini Saba siku mfereji umekauka, akaazimwa nusu mtungi, anaelewa deni lililozaliwa pale na kwa nini baadaye lango linafunguliwa.

Asha anatembea jangwani hadi nguvu zinamwisha. Anachimba kwa mikono, anapanda mche, anaumwagia maji yote aliyobakiza na jasho lake juu, kisha analala kandokando yake kuufunika kivuli. Kamera inapanda juu polepole. Mchanga, halafu jani, halafu mti, kisha kingo za picha zinaanza kujaa kijani, na kile kilichoonekana jangwa kumbe kimepakana na msitu.