Mamajusi walikuwa nani? Dini ya Zarathustra na moto usiozimwa

Neno Majusi limo katika Biblia na limo pia katika Kurani. Katika Injili ya Mathayo, sura ya pili, mamajusi wanatoka mashariki wakiifuata nyota. Katika sura ya 22 ya Kurani, Al-Hajj, aya ya 17, Majusi wanatajwa pamoja na Wayahudi, Wasabai na Wakristo. Lakini ukimuuliza mtu Majusi ni nani, mara nyingi utajibiwa kwa maneno mawili tu: waabudu moto. Wenyewe hawalikubali jibu hilo, na wana hoja.

Majusi lilikuwa jina la makuhani wa Uajemi ya kale, nchi ambayo leo ni Iran. Dini waliyoihudumia ilitokana na mafundisho ya mtu aitwaye Zarathustra, ambaye Wagiriki walimwita Zoroaster.

Nabii na kilio cha ng'ombe

Wataalamu hawajakubaliana Zarathustra aliishi lini. Wengi wanaochunguza lugha yake wanamweka kati ya mwaka 1500 na 1000 kabla ya Kristo (KK). Zimebaki nyimbo 17 zinazohesabiwa kuwa zake, ziitwazo Gatha, na ndani yake humkuti mfalme wa miji mikubwa wala jeshi la dola. Unakuta malisho, ngamia, farasi na hasa ng'ombe.

Katika mojawapo ya nyimbo hizo, roho ya ng'ombe inamlalamikia Muumba. Inauliza kwa nini iliumbwa, ikiwa kazi yake ni kuibwa, kupigwa na kuchinjwa na watu wa jeuri. Inaomba mlinzi. Inapoambiwa kwamba mlinzi amepatikana naye ni Zarathustra, inalia tena: ilitaka mtu mwenye nguvu, imepewa sauti ya mnyonge. Mfugaji aliyewahi kuamka alfajiri akakuta zizi tupu hahitaji kufafanuliwa wimbo huu.

Kutokana na hali hiyo ya ujambazi, Zarathustra alifundisha jambo moja kwa ukali: kuna kweli na kuna uongo, na kila mtu lazima achague upande. Kweli, au utaratibu mwema wa ulimwengu, aliuita asha. Uongo aliuita druj. Muumba ni Ahura Mazda, maana yake Bwana Mwenye Hekima. Anayempinga ni Angra Mainyu, roho ya uharibifu. Mtu akifa, nafsi yake hufika kwenye daraja la Chinvat. Kwa mwema daraja huwa pana, kwa mwovu hujikunja likawa jembamba naye akatumbukia. Waliosoma habari za Sirati madrasani wataona mfanano huo mara moja. Ni nani aliyemwathiri nani, na kwa kiasi gani, mjadala bado haujaisha.

Kulima nako kulikuwa ibada. Kitabu chao kiitwacho Vendidad, kilichotungwa baada ya Gatha, kinafundisha kwamba ardhi hufurahi pale mtu anapopanda nafaka na miti ya matunda, na kwamba anayepanda nafaka anapanda kweli. Kitabu hichohicho kina sura nzima kuhusu mbwa, pamoja na adhabu kwa anayempa mbwa wa mifugo chakula kibaya.

Vipi kuhusu moto?

Moto, maji na ardhi ni vitu safi, havifai kuchafuliwa. Ndiyo maana maiti haikuzikwa wala kuchomwa. Iliwekwa mahali pa juu, baadaye kwenye minara maalumu, iliwe na ndege. Na ndiyo maana kuhani anayehudumia moto hufunika mdomo kwa kitambaa cheupe, hata pumzi yake isiuguse. Moto ni alama ya kweli, nao wanauelekea wanaposali. Mwislamu anaelekea Al-Kaaba, wala hakuna anayesema anaabudu jengo.

Wafalme wanaingia

Dini ya wafugaji ilipofika ikulu, ilibadilika. Mfalme Koreshi aliiteka Babeli mwaka 539 KK na kuwaruhusu Wayahudi warudi kwao, kama kilivyoandika kitabu cha Ezra. Watu wengi humtaja kama mfuasi wa Zarathustra, lakini ushahidi wake ni hafifu. Maandishi aliyoyaacha Babeli yanamtukuza Marduk, mungu wa mji huo. Alijua kuzungumza na wenyeji.

Kwa Dario wa Kwanza, aliyetawala kuanzia mwaka 522 KK, mambo ni wazi zaidi. Kwenye genge la mlima Behistun alichonga habari zake kwa lugha tatu, akisema ufalme alipewa na Ahura Mazda. Na maadui zake wote aliwaita waongo. Hapo utaona neno la nabii likitumikia siasa: anayempinga mfalme sasa si mpinzani tu, ni mtu wa uongo.

Hata hivyo, heshima ya kusema kweli haikuwa maneno ya ikulu peke yake. Mgiriki Herodotus, wa karne ya tano KK, aliandika kwamba Waajemi waliwafundisha watoto wao wa kiume mambo matatu: kupanda farasi, kupiga upinde na kusema kweli. Akaongeza kwamba baada ya uongo, aibu kubwa kwao ilikuwa kuwa na deni, kwa sababu mdaiwa hana budi kudanganya. Ukweli wa hilo anaujua kila mwenye duka la kijijini.

Mwaka 330 KK jeshi la Alexander wa Makedonia liliuteketeza mji wa kifalme wa Persepolis. Wazungu humwita Alexander Mkuu. Katika vitabu vya makuhani wa Zarathustra anaitwa Aliyelaaniwa.

Dini ilipata nguvu kubwa kuliko wakati wowote chini ya wafalme wa Sasani, kuanzia mwaka 224 baada ya Kristo. Maandiko yaliyokuwa yakikaririwa kwa karne nyingi yaliandikwa kwa alfabeti iliyobuniwa kwa kazi hiyo, yakaitwa Avesta. Lakini nguvu hiyo ilikuwa na upande wake mbaya. Katika karne ya tatu, kuhani mkuu Kartir alichonga kwenye mwamba, kwa kujivunia, kwamba Wayahudi, Wakristo, Wabudha na wengineo walipigwa katika nchi ya mfalme. Nabii aliyeanza kama mnyonge asiye na mlinzi sasa alikuwa na warithi wenye magereza.

Utawala huo ulianguka mbele ya majeshi ya Waarabu Waislamu. Mfalme wa mwisho, Yazdgerd wa Tatu, aliuawa karibu na Merv mwaka 651. Wafuasi wa Zarathustra waliruhusiwa kubaki na dini yao kwa kulipa jizia, lakini kadiri karne zilivyopita walipungua. Baadhi walivuka bahari hadi Gujarat, India, ambako waliitwa Parsi, yaani watu wa Uajemi. Sensa ya India ya mwaka 2011 iliwahesabu 57,264 tu.

Huko India walipata pigo lisilotarajiwa. Tai waliokuwa wakila maiti kwenye minara yao walikaribia kutoweka, kwa sababu walikula mizoga ya ng'ombe waliotibiwa kwa diklofenaki, dawa ya maumivu. Dawa hiyo ilipigwa marufuku kwa mifugo mwaka 2006.

Parsi walifika hata Zanzibar. Mwanamuziki Freddie Mercury, aliyezaliwa huko Septemba 1946 kwa jina la Farrokh Bulsara, alitoka katika familia ya Parsi. Lakini alama ya Uajemi iliyo kongwe zaidi pwani yetu ni Nairuzi, sikukuu ya mwaka mpya ambayo jina lake la Kiajemi lina maana ya siku mpya. Iran husherehekewa mwezi Machi. Makunduchi, Mwaka Kogwa huangukia Julai, kwa kuwa mwaka wa Nairuzi ni wa siku 365 kamili bila siku ya nyongeza, hivyo ulisogea polepole. Siku hiyo wanaume hupigana kwa migomba, na kibanda cha makuti huchomwa moto.